Mama, Kumbe Uliwahi Kucheza Picha

Mama,

Arobaini yako imepita, sasa naweza kukugombeza bila watu kunizuia.

Wiki iliyopita alikuja hapa Mpapura binti mmoja kutoka Dar, kazi yake kutafuta sinema za zamani. Kwenye kompyuta yake akanionyesha mwanamke kijana, kanga kiunoni, amejilaza mkekani huku nguruwe pori wakila muhogo wake. Mumewe anarudi, anafoka, yeye anajinyoosha na kupiga miayo. Nikacheka. Halafu mwanamke akageuka, nikaona mwanya wako. Mama! Wewe, ambaye hukuwahi kulala mchana hata ukiwa na homa!

Nikaenda Kitaya kwa mama mdogo Asumini, maana wewe huulizwi tena. Akanisimulia yote anacheka, kama habari ndogo tu. Kwamba kabla ya Uhuru walikuja wapiga picha wakitafuta msichana asiyeogopa kamera, ukanyoosha mkono babu hajafungua hata mdomo. Ukacheza picha mbili. Ya kwanza ulikuwa mke mwema anayechemsha maji ya kunywa, hakuna aliyeikumbuka. Ya pili ndiyo hii ya mvivu. Gari la sinema likaizungusha vijijini, wakatundika shuka jeupe, na watu wakaamini! Sokoni Nanyamba wakakuita Bibi Mkeka. Waliokuposa wakajitoa, eti mwanamke wa namna ile atamuua mtoto wao kwa njaa. Wapiga picha waliporudi kukutafuta kwa picha ya tatu, ulijifungia chumbani mpaka wakaondoka.

Sasa si ungetuambia? Neno moja tu!

Badala yake ukalima. Ulifagia uwanja kabla ya adhana ya alfajiri, ukimaliza ukafagia na wa jirani. Ukapalilia mikorosho mpaka mgongo ukapinda, na sisi wanao ukatukimbiza kama punda. Tukadhani ndivyo ulivyoumbwa. Kumbe miaka yote ile ulikuwa unajibizana na shuka! Waliokucheka walishakufa, Mama, na wewe ulikuwa bado unafagia.

Na mimi je? Nilipochaguliwa kwenda Lindi na kikundi cha maigizo cha shule, nilikuwa nimeshapanda gari. Ukaja na jembe begani, ukanishusha mbele ya wenzangu. "Mwanangu hatakuwa kichekesho cha watu." Nililia wiki nzima. Nikajiambia mama yangu ni mtu wa shamba, hajui raha ya kuigiza. Hilo ndilo linaloniuma. Ulijua. Ulijua kabisa unaninyima nini, na sababu hukunipa. Ningekasirika, ndiyo, lakini ningekasirika pamoja nawe.

Kaka Ismaili hataki picha ionyeshwe. "Mwacheni mama apumzike." Nikamwambia mama hakuwahi kupumzika popote isipokuwa kwenye picha hiyo. Kanuna mpaka leo.

Nimeitazama mara tisa. Mama mdogo anasema ile miayo hukuagizwa, uliibuni mwenyewe, na mzungu wa kamera akacheka mpaka ikabidi urudie. Unajikuna kisigino, unafumba jicho moja, la pili linamchungulia mume. Nani alikufundisha? Ulikuwa unaijua kazi, Mama. Na ukaificha, hata kwangu niliyeitamani.

Basi, Mola akupanulie kaburi lako. Nimekusamehe nusu, hiyo nusu nyingine nivumilie. Lakini hili nakuahidi. Jumamosi picha itaonyeshwa uwanja wa shule, kaka apende asipende. Mwishoni yapo majina: la mpiga picha, la msimamizi, hata la dereva wa gari. Lako halipo. Kwa hiyo kabla haijaanza nitasimama mbele ya watu wote niseme: huyu mtakayemwona ni Somoe binti Saidi wa Kitaya, mama yangu, na anaigiza. Nitalirudia kwa sauti, wa nyuma nao wasikie. Anaigiza.

Mwanao,
Hadija