Wembe Ushike Wewe

Mdogo wangu Kalisti,

Pokea salamu zangu wewe na wote hapo nyumbani. Kifua cha mama kinaendeleaje? Nimesikia mmehamishiwa kijiji kipya, na kaburi la baba limebaki kule mahameni. Nani analipalilia? Mimi nipo hai, ila nakuandikia nikiwa kitandani.

Barua ya baba mdogo imenifikia. Anasema tangu baba azikwe mama bado amekaa msibani, hajanyolewa, na haruhusiwi kukanyaga shamba la mpunga, kwa sababu wembe wa kumnyoa mjane hushikwa na mtoto wa kwanza, ndiye mimi. "Yupo hai, basi tutamsubiri," ameandika. Kalisti, msinisubiri.

Sikuwahi kuwaeleza vizuri kazi yangu. Niliposhuka melini hapa Hispania nilikuwa nabeba mbao kwenye mabonde makavu wanakotengenezea sinema za kauboi. Siku moja mtu wao wa kuanguka aliumia, wakaniuliza kama najua kupanda farasi. Nikasema najua. Tangu hapo kazi yangu ni kuanguka. Bwana mkubwa wa sinema, mwigizaji wao mkuu, anapigwa risasi, lakini anayeanguka ni mimi, nimevaa koti lake, glavu, na kitambaa usoni ili rangi yangu isionekane. Mahali pa kuangukia tunapalima kama tuta la viazi, tunachanganya na mchanga. Rafiki yangu Hasani, Mmoroko, hunitania, "Leo umekufa vibaya, Leonsi. Maiti gani inakinga kichwa?"

Kabla ya Pasaka farasi aliyefundishwa kuangukia kushoto aliangukia kulia, juu yangu, nje ya ule udongo laini. Nilisikia nyonga ikivunjika. Msimamizi akasema, "Msimguse kwanza, kamera bado inapiga, vumbi bado zuri." Walipomaliza wakanivuta pembeni. Yule bwana mkubwa akaja kulala palepale nilipolala mimi, wakampaka rangi nyekundu, wakampiga picha ya uso. Hasani alinishika mkono mpaka gari lilipokuja. "Usifumbe macho," aliniambia, "watasema unaigiza."

Daktari anasema mguu hautakunjika tena. Meli, halafu treni mpaka Mpanda, halafu lori, siwezi mwaka huu, na sijui mwaka gani nitaweza. Mvua zitawakuta na mama yupo ndani.

Kwa hiyo wembe ushike wewe. Baba mdogo atakwambia, "Anayenyoa ndiye anayekalia kiti cha baba, na kiti hakirudishwi." Najua. Neno hilo limeninyima usingizi hapa hospitali. Mwambie nimekubali mwenyewe, barua hii isomwe mbele ya wazee. Chukua kiti, chukua mashamba, na mahari ya dada yetu Veronika uipokee wewe. Nyuma ya sikio la kushoto nenda polepole, mama ana kovu pale.

Mama usimdanganye. Akilia mwache alie, halafu mpeleke shambani.

Nisalimie baba mdogo, nyie msigombane naye. Nisalimie shangazi anayekaa na mama, Veronika, na mke wako ambaye sijamwona.

Na wewe, tangu leo kaka yangu, shikamoo.

Ni mimi mdogo wako,
Leonsi