Mpaka Ambao Tata Alikataa Kuupanda

Mpendwa Baba Mdogo,

Mpola waitu. Najua habari ya kwanza utakayoitaka ni ya migomba, basi naanza nayo: imepaliliwa. Mdogo wangu Respisi alishika upande wa juu, mimi nikashika wa chini, na mgongo umenikumbusha umri wangu. Ungekuwepo ungesimama pembeni na kutucheka, useme watu wa kalamu wanaparua ardhi kama kuku. Kuparua kwetu hukohuko ndiko kulikowezekana.

Lakini sijakaa chini kuandika kwa ajili ya migomba. Kuna jambo linanichoma, na nimeamua kuliandika wazi, hata waliokuwepo uwanjani siku ile wakitaka kulisoma walisome.

Tangu nistaafu, hapa Rwamishenye kazi yangu ni kuku watatu na vitabu. Mwalimu mwenzangu aliniazima kitabu cha historia ya mipaka. Kinasimulia mji uliojengewa ukuta katikati, na nchi iliyokatwa vipande viwili kwa waya, ndugu wakabaki kupungiana mikono kwa mbali. Nikasoma huku nikitikisa kichwa, nikiwahurumia watu wa huko. Halafu nikafika kwetu. Wakubwa wa Ulaya, ambao hawajawahi kuonja hata ndizi yetu moja, waliweka rula juu ya ramani, digrii moja kusini mwa ikweta, wakavuta mstari kutoka ziwani kwenda magharibi. Mto Kagera unapinda unavyotaka, mstari wao haupindi. Watu waliokuwa wakioana na kuzikana wakaambiwa hawa ni wa Mjerumani, hawa ni wa Mwingereza.

Mimi mstari huo nimeufundisha maisha yangu yote ya kazi. Nilikuwa hodari wa kuuchora ubaoni kwa mkono mtupu, wanafunzi wakashangilia. Safari hii nilipoufikia nikafunga kitabu na chai ikapoa mezani, kwa sababu nilikuona wewe, na fulana yako ya bluu, ukinitazama.

Unakumbuka ulivyokuwa ukitusimulia mlivyokutana na Tata, baba yetu? Wote wawili mlikuwa vijana wa kubeba magunia ya kahawa bandarini Kemondo. Yeye katoka Kagoma, wewe umetoka Uganda, ng'ambo ya Mutukula, na nguo uliyovaa tu. Siku ulipoteleza na gunia kwenye ubao wa meli, Tata akakudaka mguu. Ulisema alikudaka vibaya, mkaanguka wote na gunia likawafunika, na msimamizi akawatukana kwa lugha tatu. Baada ya hapo mkala mukago, mkawa ndugu wa damu. Ukitaka kututisha sisi watoto ulikuwa unapandisha fulana na kutuonyesha kovu dogo chini ya kitovu, mahali mlipochanja, mkapaka damu kwenye punje mbili za tunda moja la kahawa, kila mmoja akameza ya mwenzake. "Baba yenu yumo humu ndani," ulikuwa ukisema huku ukipigapiga tumbo. "Mkinikosea mimi, yeye anasikia." Respisi alikuwa na miaka mitano, akaweka sikio tumboni kwako kumsikiliza.

Kwa hiyo sikujua kukuita jina lingine. Ulikuwa Baba Mdogo, basi. Tofauti yako pekee ilikuwa kwamba ukipewa chakula ulishukuru kwa "webale", sisi tukisema "wakola", tukakucheka mpaka mama akatutishia mwiko.

Siku Tata alipokupa kipande cha kibanja chetu cha migomba, majirani walikuja na miche ya mulamula kama desturi inavyotaka. Nani asiyejua kwetu, ardhi ikigawanywa, mulamula unapandwa mpakani, kwa sababu mmea huo haufi, hata ukikatwa unachipua. Mashahidi wanaona, lubisi, pombe yetu ya ndizi, inanyweka, mambo yamekwisha. Tata akaikusanya ile miche yote, akaenda kuitupa nyuma ya jiko. Mzee mmoja akamwonya, "Utajutia hilo." Tata akajibu, "Mulamula ni wa jirani. Huyu amekula damu yangu, nimwekee mpaka tumboni?" Watu wakacheka, wakanywa, wakaenda zao. Na ile miche, ukaidi wake huo, ikachipua palepale ilipotupwa, ikawa kichaka ambacho tulikitumia kujificha tukitumwa maji.

Nilikuwa nimejificha humo mwaka ule wa vita na Uganda, balozi wa nyumba kumi alipokuja na mgambo wawili. Mabomu yalikuwa yameshawatia watu wazimu. Kila mwenye lafudhi alikuwa mpelelezi. Walitaka kukuchukua, mmoja akiwa ameshakushika mkono. Tata hakuwa na shule hata ya siku moja, wewe unajua, hata jina lake alikuwa anaweka kidole gumba. Alitoka jikoni na kipande cha ndizi mdomoni, akasimama kati yenu. "Ogu n'owaitu," alisema. Huyu ni wa kwetu. "Mkimfunga, kamba iwe ndefu, mnifunge na mimi." Balozi akakuna kichwa, akaomba maji ya kunywa, wakaondoka. Wewe ulikaa chini palepale mavumbini mpaka jioni.

Sasa nije kwangu. Loo, mkono mzito.

Siku ya msako wa wageni wasio na vibali nilikuwa nimekwenda nyumbani Kagoma kuanika kahawa. Tata na mama walikuwa wameshalala kaburini. Tuliitwa wote kwenye uwanja wa shule, wewe ukaja na fimbo yako, umechana nywele kama mtu anayekwenda misa. Yule afisa mwenye daftari akauliza, "Huyu mzee ni nani hapa?" Halafu mmoja akasema, "Mwalimu aseme. Mwalimu ndiye anayejua." Wakageuka wote kunitazama mimi.

Na mimi, Baba Mdogo, nikajibu swali. Nikasimama wima kama mwanafunzi wa mtihani, nikasema kwa Kiswahili safi kwamba kwa asili wewe ni wa Uganda, umezaliwa ng'ambo ya Mutukula, na ulikuwa rafiki wa marehemu baba yetu. Rafiki! Nikaongeza hata ulivyoingia nchini, hakuna aliyeniuliza. Afisa akaandika, akanishukuru kwa ushirikiano.

Nimejitetea kwa maneno mengi tangu siku ile. Kwamba nilisema kweli. Kwamba walitangaza atakayeficha mgeni atashtakiwa, na mimi nina mafao ya kustaafu ya kulinda. Uoga ulikuwepo, sikatai. Lakini Mungu ananiona, nilijibu zaidi kwa sababu jibu nililijua. Nimezoea kuulizwa na kujibu sahihi, mdomo ukanitangulia. Tata, asiye na shule, alijua kwamba pale haliulizwi swali la ramani.

Ulinitazama. Nilitegemea unilaani, au uinue fulana uwaonyeshe kovu. Ulisema tu, "Webale, mwanangu." Wakakupa nafasi ya kuchukua vitu vyako, ukatoka na blanketi na redio. Jembe ukaliacha limesimama mlangoni. Tangu siku ile nikipewa kitu na mtu akasubiri nimshukuru, naitikia kwa kichwa tu.

Imepita miaka zaidi ya kumi. Nilikuwa nikijiambia utakuwa umepata ndugu zako huko, umepumzika kwenu. Uongo mtupu. Mwezi uliopita Domitina, yule mke wa fundi baiskeli anayefuata vitenge Mutukula, alinijia hapa nyumbani. Amekuona. Unalala kwenye chumba nyuma ya mashine ya kusaga, unakohoa, na watu wa huko wanakuita Mtanzania kwa sababu ya lafudhi yako. Alisema hukuuliza habari zangu. Uliuliza, "Ndizi zangu zinapaliliwa?" na ukasema unataka ukafie karibu na kaka yako. Nikamkaribisha Domitina chai, nikaingia chumbani, nikalia mpaka akaja kugonga mlango.

Kesho yake nikaenda Kagoma, ofisi ya kijiji. Nilimkuta kijana mstaarabu, kasikiliza mpaka mwisho. Akasema njia ipo ya kuomba urudi, ila ni ndefu. Ukoo uandike kwamba ni ndugu, na ionekane una makazi, una kipande chako kinachojulikana. Akachukua kalamu. "Mipaka yake iko wapi, mama?"

Jamani. Nilicheka kicheko kibaya, kijana wa watu akadhani nimeugua. Wageni wote waliopewa ardhi Kagoma, hata wale waliokuja juzi, wana mulamula wao na mashahidi wao. Wewe peke yako huna, kwa sababu wewe peke yako ulipendwa mpaka ukanyimwa mpaka. Respisi nilipomweleza alinuna. "Tata alikataa kwa mdomo wake," akasema. "Wewe nani umpandie ndugu yake mpaka?" Nikamwambia mimi ni yule aliyekwisha kuupanda, siku ile uwanjani, mbele za watu, na ule wangu haukuhitaji hata miche. Halafu akaingia ndani, akatoka na panga na kamba.

Jumamosi tumefanya. Tulikata miche kwenye kile kichaka cha nyuma ya jiko, ileile aliyoitupa Tata. Majirani walikuja kushuhudia, yule mzee aliyeonya ameshafariki lakini mwanawe alikuwepo. Respisi alishika kamba huku, mimi kule, na kila mche niliouzika nilikuwa naomba radhi kwa sauti, sikujali nani ananisikia. Kufika wa saba nikashindwa, mwanangu wa kwanza akamalizia. Lubisi ilinyweka, lakini hakuna aliyeimba.

Jumatatu tukarudi ofisini. Palipoandikwa uhusiano nikaandika: ndugu wa baba. Kijana akauliza kwa upole, "Wa tumbo moja?" Lilikuwa swali la kujibiwa sahihi, na sahihi nilikuwa naijua. Nikamwambia, "Ndiyo. Wa tumbo moja." Akaandika. Respisi akaweka saini, na mimi nikaweka kidole gumba, ingawa kalamu nilikuwa nayo mkononi.

Karatasi zimepelekwa wilayani. Majibu bado, na sitakudanganya, huenda wakakataa. Na wewe unakohoa, na mimi kila simu ikilia naikimbilia. Domitina atakusomea barua hii Alhamisi. Mwambie asome polepole pale pa uwanjani, asiruke kitu. Ukitaka kunitukana, mtume naye aniletee, nitapokea. Siombi unisamehe kwa barua. Nataka uje unitazame tena kama siku ile, ndipo useme.

Miche imeshika, Baba Mdogo. Jana nimeiona, mmoja una jani jipya. Jembe lako lipo mlangoni, nimelitia mpini mpya. Wakikuruhusu usianze kwa kupumzika wala kunywa maji. Pitia kibanjani kwanza, ushike jembe, uing'oe yote kwa mkono wako.

Mimi mtoto wa kaka yako,
Adventina