Meno ya Mshonaji

Maman,

Jumanne tulimrudisha ardhini yule mwanamke. Nimeona nikuandikie wewe kwanza, kwa sababu wewe ndiye uliyekuwa ukiniuliza habari zake mpaka siku za mwisho pale hospitali, ulipokuwa huna nguvu hata ya kushika kikombe. Ulikuwa unafungua jicho moja na kusema: "Na ule maman yenu? Angali mu carton?" Nami nilikuwa najibu ndiyo, bado yuko kwenye boksi. Ulikuwa unafumba jicho. Nilijua umekasirika.

Sasa hayupo tena kwenye boksi, Maman.

Ukiisoma barua hii utacheka. Utasema nimeanza kuandika kama mtu wa Dar es Salaam. Ni vitabu hivyo. Kukiwa hakuna mtu mzima wa kuongea naye nyumbani, unabaki kusoma.

Unakumbuka nilipoacha sheria chuo kikuu nikaenda kusomea akiolojia. Hukupiga kelele. Ulinyamaza wiki tatu, na sisi tulikuwa tunakaa vyumba viwili tu. Kisha siku moja, ukiwa umenipa mgongo unakata kitambaa, ukasema: "Bantu balikufa, ubaache balale." Basi. Kwa wamama wa kanisa ulieleza kwamba nafanya kazi ya commune, ya manispaa. Haikuwa uongo kabisa.

Mwaka ule wa mwanamke huyu, mimi na mtoto wangu Grâce tulikuwa tumerudi kukaa kwako. Tulikuwa tunachimba katikati ya mji huu wa ugenini, mahali palipotakiwa kujengwa parking ya chini ya ardhi. Zamani palikuwa na kanisa dogo na makaburi yake. Nilikuwa narudi jioni na udongo kwenye kucha, nakuta umeniwekea beseni la maji ya moto na sabuni karibu na mlango. Maji tu, na taulo.

Hukuuliza kazi inafanywaje, nami kwa kiburi changu sikueleza. Kwanza mashine inaondoa lami na kifusi. Halafu tunashuka sisi, na miiko midogo kama ya waashi, tunakwangua polepole mpaka udongo ubadilike rangi. Udongo uliowahi kuchimbwa haurudi kuwa kama zamani. Unabaki mweusi zaidi, mlaini zaidi, na hapo unaona kaburi limejichora chini kama unavyochora gauni kwenye kitambaa kwa chaki. Tunapiga picha, tunapima, tunachora. Mifupa tunaisafisha kwa brashi na vijiti vya mbao ili tusiikwaruze. Hakuna anayepiga kelele pale chini. Hata wale vijana wanaochimba huku wanasikiliza muziki, wakifika kwenye uso, wanauzima.

Yeye alikuwa hana jiwe wala jina. Nyonga zilituonyesha ni mwanamke, na viungo vilivyolika vilituonyesha hakufa kijana. Kwenye paji la uso alikuwa na doa la kijani. Na kwenye meno ya mbele, vipengo viwili vyembamba, kama vimekatwa na wembe. Luc, mkuu wetu, yule mpole mwenye ndevu nyeupe, alidhani ni kiko, maana watu wa zamani waling'ata kiko cha udongo mpaka meno yakalika. Lakini kiko kinaacha tundu pana la mviringo, pembeni mwa mdomo. Hivi vilikuwa vyembamba, na mbele kabisa. Tukaandika: haijulikani.

Nilileta picha nyumbani. Nilizitandaza mezani, na wewe ukaja na sufuria ya sombe, kisamvu chetu.

"Utoe bafu yako, tukule."

Nilianza kuzikusanya picha za wafu wangu. Kumbe ulikuwa umeshaona moja. Uliweka sufuria chini, ukavaa miwani.

"Hii kijani ni ya shaba. Kwetu Lubumbashi hata mutoto anajua ile rangi."

Na ilikuwa kweli. Pini ya sanda ilikuwa ya shaba. Ililika kwa kutu, ikaacha rangi yake kwenye mfupa. Nilitaka kukuambia hivyo, lakini wewe ulikuwa umeshachukua picha nyingine, ya meno. Uliitazama muda mrefu, sombe ikapoa.

"Huyu alikuwa anashona."

"Unajuaje, Maman?"

Ulifungua mdomo, ukainua mdomo wa juu kwa kidole. Kwenye jino lako la mbele palikuwa na kipengo chembamba, mahali ulipopitisha uzi kila siku ya Mungu tangu kabla sijazaliwa, ukiukata kwa meno kwa sababu mkasi uko mbali. Maman, nilikuwa na miaka thelathini. Nilikaa mbele ya mdomo huo maisha yangu yote, ukiniimbia, ukinigombeza, ukinipulizia chai. Kazi yangu ni kuangalia meno ya watu. Sikuwahi kuona.

Kesho yake nilimweleza Luc, akaniambia: labda. Nilipokupa jibu lake ulichukia kweli. "Labda ni ya nini? Mupelekee meno yangu."

Basi nikakupeleka. Tulikutana kituo cha metro cha Porte de Namur, na wewe ulikuwa umevaa pagne, kitenge chako cha Jumapili, siku ya Alhamisi. Kule maabara, dada mmoja wa darubini alikuweka chini ya taa ukafungua mdomo, mtulivu kama mtu anayepokea komunyo. Alichukua alama ya meno yako kwa udongo laini, akailinganisha. Mikwaruzo ileile, midogo, ikielekea upande uleule. Luc aliangalia, akaangalia tena, akakushika mkono. Wewe hukuwa na habari naye. Ulikuwa umemgeukia yule aliyelala kwenye boksi. "Bonjour, maman," ulimwambia, kama unavyomwambia mteja. Kisha ukaniuliza jina lake. Nilipokujibu kwamba hatutalijua, macho yako yalijaa machozi, na mimi nikajifanya natafuta koti langu.

Ilikuwa kwenye metro, tulipokaribia kushuka. "Donc, ni kama kufumua nguo," ulisema. "Unafumua pole pole, unajua namna walishona." Jumapili iliyofuata, mbele ya kanisa, nilikusikia ukiwaambia wale wamama: "Mutoto wangu anachimbaka bantu ba zamani. Anajua kazi."

Nilijifanya sikusikia. Nililia baadaye, chooni.

Kwenye ripoti tuliandika kwamba huenda alikuwa mshonaji, kwa sababu alama zake zinalingana na za mshonaji wa siku hizi. Huyo wa siku hizi ni wewe.

Mengine yamebadilika. Kwenye kona yako ya kushonea, kule maduka ya Galerie d'Ixelles, nyuma ya saluni ya Maman Charlotte, sasa anakaa kijana anayetengeneza simu. Maman Charlotte aliiacha tupu miezi mingi. Wateja walikuwa bado wanaingia na vitambaa wakiuliza uko wapi, naye alikuwa anatoka nje. Cherehani yako ninayo mimi. Nimeshavunja sindano mbili.

Ulipoondoka, nilimwandikia kila mtu mwenye sauti juu ya mifupa ile. Nilisema tumeshajifunza tulichoweza, na kwamba kuna mama mmoja aliyekufa akiuliza kama yule mwanamke bado yuko kwenye boksi. Luc alitia sahihi pamoja nami. Ilichukua muda, lakini walikubali. Jumanne, kwenye mvua, walishushwa wote tuliowatoa pale kwenye kona ya makaburi ya commune. Maman Charlotte alifunga saluni akaja nami. Aliimba kwa sauti ya chini, Kiswahili cha kwetu, na padri alimsubiri amalize. Nilikuwa na kibiringo chako cha uzi mweupe mfukoni. Nilitaka kumwekea yule mwanamke. Sikuweka, Maman. Atakayechimba baadaye angedhani ni uzi wake, angeandika uongo.

Toka pale nilikwenda ofisini kwa ajili ya kaburi lako. Bwana wa dirishani aliniambia, macho kwenye kompyuta, kwamba mahali pako ni pa miaka kadhaa tu, halafu familia inabidi iombe upya. Isipoomba, jiwe linaondolewa. Aliniuliza kama nimeelewa. Nilimwambia nimeelewa. Mimi ndiye ninayewakuta wale ambao hakuna aliyewaombea.

Nitaomba, Maman. Kila mara. Na nimempeleka Grâce, sasa ana miaka saba, nimemwonyesha njia: ukiingia getini, kushoto, safu ya nne. Alitaka kuhesabu mwenyewe. Alikosea, tukarudi getini tukaanza tena, mpaka akafika kwako bila kushikwa mkono, akasoma jina lako kwa sauti, herufi kwa herufi.

Baki salama, maman yangu.

Solange wako