Pangaboi Lililohamishiwa Juu ya Kabati

Mpendwa Shangazi Poh Lin, naomba unisaidie kabla sijaaibika mtaa mzima, maana mke wangu Siew Lan amembeba mtoto wetu amekwenda kwao Taiping na simu zangu hapokei, na kisa chenyewe ni pangaboi tu. Mama yangu, tunayeishi naye hapa Ipoh, alimleta mtu wa kupima bahati ya nyumba, akazunguka na dira yake, akatazama pangaboi juu ya kitanda chetu akasema linakata ndoa, basi mama akaniambia, "Mwanangu, unalala chini ya visu halafu unashangaa mkeo ana maneno?", nami nikalihamishia pembeni mwa dari, juu ya kabati, na kwa kuwa mapanga yaligonga ukuta nikayapunguza kwa msumeno, yote sawasawa, nikayapaka rangi ya dhahabu, na linazunguka vizuri sana Shangazi, ila upepo hatuuoni, mtoto akatoka vipele vya joto shingo nzima, na Siew Lan akasema, "Siku utakayoamua kuishi na mimi, siyo na dari, utanifuata," akaondoka. Nifanye nini, nimwite tena yule mtu wa dira?

Wai Keat, Ipoh

Wai Keat,

Kwa joto nakupa pole. Kwa mengine sikupi. Ulikuwa na pangaboi zima na mke ndani. Sasa unapepea kabati, na mashati yako yanalala vizuri kuliko mwanao. Pangaboi lililokatwa na kubanwa ukutani halina pa kuvuta hewa, na rangi ya dhahabu haileti upepo.

Mama yako simlaumu sana. Hata mimi nimelelewa katika imani hiyo, silali chini ya pangaboi. Lakini kwetu tulisogeza kitanda, mwanangu. Kitanda kina miguu.

Sasa nisikilize. Nunua jipya lenye mapanga marefu, litundikwe katikati ya chumba, lishuke kidogo kutoka dari, na afunge fundi, siyo wewe. Kitanda kisukume ukutani, dirisha na mlango viachwe wazi upepo upate njia. Mtu wa dira asirudi. Mama mwambie kwa adabu kwamba chumba ni chenu, tena useme wewe, usimwachie Siew Lan kazi hiyo.

Kisha panda basi la Taiping, peke yako. Ukifika usianze kujieleza. Muulizie kwanza mtoto, na umwite kwa jina lake, kwa sababu katika barua nzima umenitajia mpaka rangi uliyopaka, yeye jina lake hukulitaja.