Meli Iitwayo Hanang

S.L.P. 41,
Katesh, Hanang.
21 Agosti, 1977.

Mpendwa kaka Basili,

Shikamoo. Shikamoo hiyo ni haki yako kwa kuwa ulinitangulia miaka miwili kuzaliwa, basi ipokee. Habari za siku nyingi? Kile kifua ulichosema kinakusumbua kwa baridi ya Uingereza, kimepona? Kama bado, chemsha tangawizi unywe asubuhi na jioni.

Sisi huku Balangdalalu hatujambo. Baba ni mzima. Meno yamebaki machache lakini ulimi haujapungua. Mume wangu Alfredi yuko na trekta lake katika shamba la ngano la serikali, hurudi amejaa vumbi mpaka kwenye kope. Fabiola wetu yuko darasa la sita, anakuamkia. Mvua za mwaka huu zilikuwa nzuri na ngano imekubali, mashine za kuvunia hazilali.

Barua yako ya Juni nimeipata mwishoni mwa Julai. Nimeisoma mara tatu. Kwamba kampuni ya Thorley imefunga safari zote za abiria, kwamba Elgon imeuzwa kwa watu wa vyuma chakavu, kwamba wewe na wenzako mmeagwa, na kwamba Desemba unarudi nyumbani moja kwa moja. Pole sana, kaka. Miaka kumi na tisa ndani ya meli moja, kutoka kuosha masufuria mpaka kuwa mkubwa wa waoka mikate, si jambo la kutupwa kama maganda. Pole hiyo inatoka moyoni kabisa.

Lakini moyoni humo humo kuna jambo jingine, na ni afadhali ulijue kabla hujafika, usije ukalikuta mlangoni.

Nakuonea wivu, Basili. Si wivu wa jana. Ni tangu mwaka 1958, kule Nambis, ulipokuja mbio na habari kwamba wakala wa Thorley pale Mombasa anatafuta vijana wa jikoni, na maombi yaandikwe kwa Kiingereza. Nani aliyeyaandika? Wewe Kiingereza chako kiliishia kwenye "good morning". Niliketi juu ya gunia la mahindi nikaandika ukurasa mzima, nikaandika vizuri, nikatia jina lako chini. Wakajibu kwamba wamependezwa na mwandiko, njoo. Baba akachinja kondoo akakubariki. Mimi nikaambiwa nikaoshe sufuria.

Nilipouliza kama wasichana nao huchukuliwa, baba alicheka, akasema binti haendi kwenye maji asiyoyajua. Mpaka leo maji makubwa niliyoyaona ni ziwa Basotu, na hilo nalo nililiona nikiwa juu ya lori.

Halafu zikaanza barua zako. Durban kuna barabara zenye taa za rangi. Marseilles wanakula konokono. Mimi ndiye niliyezisoma kwa sauti mbele ya wageni, na kila nilipomaliza baba alisema, "Mwanangu huyo!" akitazama ile picha ya Elgon aliyoitundika karibu na picha ya Moyo Mtakatifu wa Yesu. Cheti changu cha shule kiko ndani ya sanduku, chini ya mablanketi. Hivi sasa mimi ni karani wa mizani pale shambani. Hakuna lori la ngano litokalo bila mimi kulipima na kuandika. Baba hajawahi kuniuliza hata siku moja ngano hupimwaje. Lakini mikate yako anaijua: ya mviringo, ile mirefu, na ile midogo ya abiria wa daraja la kwanza.

Ulikosea jambo moja tu, kaka. Mwaka 1974 ulituletea kile kitabu cha miaka mia ya kampuni, chenye jalada la buluu. Kimeandikwa kwa Kiingereza, na msomaji wa Kiingereza nyumba hii ni mmoja.

Baba aliamuru kisomwe chote. Ikawa Jumapili mbili kila mwezi, baada ya kanisa, anakuja Mzee Tadeo na wazee wengine wanne, wanakaa na pombe yao ya mtama, nami nasimama katikati nawageuzia kwa lugha yetu. Nadhani leo naijua kampuni ile kuliko wewe uliyekula chumvi yake. Najua kwamba Thorley wa kwanza alikuwa mtoto wa fundi mishumaa, akaanza na chombo kimoja kibovu cha kubeba barua za watu. Najua jinsi alivyopata kazi ya kupeleka barua za serikali mpaka Aden, kisha Mombasa, Tanga, Beira. Najua kwamba alizipa meli zake majina ya milima kwa sababu, alisema, mlima hauzami. Wazee walilipenda neno hilo. Basi nilipowasomea kwamba Meru ilipigwa na Wajerumani katika vita vya pili ikazama na watu wake, Tadeo alivua kofia. Ruwenzori ilipakwa rangi nyeupe ikawa hospitali ya majeruhi. Na Elgon yako ilishushwa majini mwaka 1951, ina piano mbili na mahali pa kufungia mbwa wa abiria. Mbwa amesafiri, Basili, mimi niko hapa.

Siku tulipofika kwenye orodha ya meli zote, baba aliniuliza, "Na mlima wetu je?" Nilipitisha kidole juu mpaka chini. Kulikuwa na milima ya kila mahali, mingine hata ng'ombe watatu hawawezi kujificha nyuma yake. Hanang haikuwamo. Nikainua kichwa, nikaiona ile picha ya Elgon yako ukutani, nikasema, "Ipo."

Ningeishia hapo ingekuwa kosa dogo. Sikuishia hapo. Jumapili iliyofuata wakataka kusikia habari za Hanang, nikawapa. Nikasema ni mpya kuliko Elgon. Kutoka Mombasa mpaka London inaiacha Elgon siku mbili nzima. Mikate yake haiungui chini. Wazee wakafurahi, nami nikakolea. Nikasema karani wake, yule anayeandika safari zote na mizigo yote, ni mwanamke. Hapo walicheka mpaka Tadeo akamwaga pombe. Baba hakucheka. Aliuliza kama mwanamke huyo ana mwandiko mzuri. Nikasema ndiyo.

Sasa sikiliza ubaya wenyewe. Unaijua ile sala ya wazee wakishakunywa, slufay, jinsi baba anavyoitaja milima na mvua na mifugo na watoto walio mbali, wengine wakiitikia. Tangu ulipoondoka alikuwa akiitaja Elgon kwa jina, kwamba maji yaipishe na upepo uijue. Baada ya mimi kusema yale, akaanza kuiweka Hanang mbele. Baadaye Tadeo akasema Elgon ni mlima wa watu wengine, wenyewe watauombea. Baba akakubali. Wewe ulikuwa ukitajwa bado, lakini meli iliyokubeba hapana. Miaka miwili, kaka, Elgon ilitembea bila sala hata moja kutoka nyumbani.

Na mimi nilifurahi. Sitakuficha. Siku ya kwanza baba alipoomba, "Hanang isimame, na mwanamke aandikaye ndani yake mkono wake usichoke," nilitoka nje nikaenda nyuma ya zizi nikalia, na kilio kile kilikuwa kitamu. Niliona kama nami nimechinjiwa kondoo.

Kisha ikaja barua yako. Nilipofika pale uliposema Elgon imevutwa kwenda kuvunjwavunjwa, niliurudia mstari huo kwa kidole. Najua wazee wa Balangdalalu hawauzi meli za Waingereza. Kitabu chenyewe kimesema mwishoni kwamba watu wanapanda ndege siku hizi, na mafuta yamepanda bei. Najua. Lakini nikiwa peke yangu pale kwenye mizani, naona kama mimi ndiye niliyeipima meli yako nikaandika uzito wa uongo. Nisamehe, Basili.

Ulitaka nimweleze baba taratibu. Nimemweleza. Alijikuna goti, akauliza, "Na Hanang?" Nikasema haijambo. Akasema, "Basi wamhamishie huko." Ungejibu nini wewe? Nilisema Hanang ina waokaji wa kutosha. Tangu siku hiyo anaona umeonewa, na anataka kujua jina la mkubwa aliyekunyima nafasi.

Na bado. Baba anasoma kisomo cha watu wazima! Mwalimu Odilia, yule aliyehamishiwa kwetu kutoka Bukoba, anawafundisha chini ya paa la ghala la kijiji, na baba hakosi, ana daftari na kalamu aliyoifunga kwa uzi shingoni. Neno la kwanza alilojifunza ni jina lake, Margwe. La pili ni Hanang, kwa kuwa liko kwenye kibao cha barabarani na yeye hulipita kila siku. Jumapili iliyopita alikichukua kile kitabu cha buluu akaweka kidole, akasoma E, l, g, o, n, jasho likimtoka. Kisha akaanza kufunua kurasa moja moja akitafuta H. Nikamwambia Kiingereza kina herufi zake. Akanitazama, akasema mbona Elgon ni zilezile. Nikajifanya naitwa jikoni.

Amefika ukurasa wa arobaini. Kitabu kina kurasa mia mbili na kumi, na baba, unamjua, akishika jembe haachi mstari katikati.

Nimekitazama kile kitabu na moto wa jikoni, nikashindwa. Kumweleza ukweli pia nimejaribu. Nilianza mara mbili. Mara ya pili alinikatiza akaniuliza magunia ya shamba letu huwa tunayaandikaje, kwa lori au kwa siku. Ndiyo, aliniuliza. Alisema anataka kujua yule karani wa Hanang anafanyaje kazi yake, na mimi ndiye karani aliye karibu. Nilimweleza mpaka chai ikapoa. Sijawahi kuongea na baba muda mrefu namna ile.

Kwa hiyo kaka, Desemba ukiteremka kwenye basi hapa, wazee watakuwa wanakungoja, na kabla hujaulizwa habari za safari utaulizwa habari za Hanang. Ukisema hakuna meli kama hiyo utakuwa umesema kweli, nami nitainamisha kichwa, maana ni haki yako. Lakini nakuomba. Sema uliiona mara moja tu, kwa mbali, na kwamba ilikuwa inakwenda kasi. Usiongeze. Ya mikate unaweza kuikanusha, hilo nakuachia. Wewe umekuwa na Elgon miaka kumi na tisa, ukaona Durban na konokono wa Marseilles. Mimi nimekuwa na Hanang Jumapili mbili kwa mwezi, nikiwa nimesimama. Niachie hiyo.

Usidhani nakuambia haya ili usije. Chumba chako tumekipaka udongo upya, na Alfredi ametengeneza kitanda. Kantini ya shamba haina mtu wa mikate. Ngano tunavuna wenyewe halafu tunaletewa mikate ya Arusha iliyokwisha kukauka njiani. Nimekuulizia kwa meneja, amesema uandike ombi. Usihangaike, nimeshaliandika. Hiyo itakuwa mara ya pili nakutafutia kazi, na safari hii nitaomba nami nichinjiwe, hata kama ni jogoo.

Mzee Tadeo anakusalimu na anauliza ile kofia uliyomwahidi. Alfredi na Fabiola wanakusalimu. Shangazi Hilaria wa Nambis alipita wiki iliyopita, anasema amezeeka kwa kukungoja, ufanye haraka. Baba anakubariki: njia yako iwe laini mbele na nyuma, na ufike huku ungali na nguvu za kukaa na watu wako. Mimi nasema amina, na wivu wangu wote nausogeza pembeni upite.

Ni mimi mdogo wako ninayekupenda, hata pale nisipotaka,

Kornelia Margwe

Nimesahau: Baba amesimama hapa mlangoni, ananiambia niongeze kwamba zawadi hataki, hataki koti wala saa, anachotaka ni picha ya Hanang aitundike. Nimeandika kama alivyosema. Sasa mwenyewe ametoka. Basili, lete picha kubwa ya Elgon, iliyopigwa ubavuni, isiwe ya mbele kama hii iliyopo ukutani. Kwa njia hiyo hata Elgon yako itaombewa, ingawa tumeichelewesha. Jina lililo ubavuni mwa meli ulikwangue pichani kabla hujafika. La kuandika hapo usihangaike nalo, nitaliandika mimi. Mwandiko wangu unaujua, ndio uliokupandisha melini.