Feni za Taa Nilizichagua Mimi

MAELEZO YA SHAHIDI

Kituo: Polisi Bunda
Tarehe na saa: 7 Agosti 2024, saa 4:10 asubuhi
Jina: Matrida Nyangi Mugeta
Umri: Miaka 61
Kabila: Mzanaki
Dini: Mkristo, Mkatoliki
Kazi: Mkulima
Makazi: Butiama, kwa sasa Nyasura, Bunda
Uhusiano na mlalamikaji: Mama mkwe
Uhusiano na mtuhumiwa: Mama mzazi

Mimi ndiye niliyetajwa hapo juu. Nimeelezwa kwamba nikisema uongo naweza kushtakiwa, na nimeelewa. Nimeulizwa kama kuna mtu amenilazimisha kuja hapa. Hakuna. Walionilazimisha walitaka nisije.

Nina watoto wawili wa kiume. Wa kwanza ni Isidori, ambaye mmemweka ndani tangu jana. Wa pili alikuwa Renatus, aliyefariki tarehe 9 Machi mwaka huu kwa ugonjwa wa ini. Tulimzika Butiama. Renatus alimwacha mke, Ursula, ambaye ndiye mlalamikaji. Hawakujaliwa mtoto. Ursula kazi yake ni kupiga video za harusi, misiba na kwaya, halafu anakaa nyumbani kuzikata na kuzipanga kwenye kompyuta mpaka zitoke filamu nzuri. Kazi hiyo alikuwa nayo kabla hajaolewa kwetu.

Baada ya arobaini, wazee wa ukoo walimtaka Ursula achague mtu wa kumsimamia, na mtu mwenyewe walishampanga, ni Isidori. Ursula alikataa. Alisema hivi mbele ya wote: "Nitajisimamia." Tangu siku hiyo Isidori hakumsalimia tena. Mimi nikafunga nguo zangu nikahamia kwake Nyasura, sikutaka akae peke yake. Sikumwomba mtu ruhusa.

Kompyuta aliyokuwa nayo Ursula wakati huo ilikuwa ndogo ya kukunja. Ilikuwaga inapata joto mpaka inazimika katikati ya kazi. Mwezi wa Mei ilizimika wakati anamalizia harusi ya watu wa Kabasa na haikuwaka tena. Akasema sasa ataunganisha kompyuta kubwa mwenyewe, kipande kwa kipande, na safari hii joto halitamshinda. Vipande alinunua kwa fedha ya kazi yake. Vya mwisho kununua vilikuwa feni.

Mnamo tarehe 18 Juni 2024, siku ya Jumanne, mimi na Ursula tulikwenda Musoma mjini kwenye duka la kijana anayeitwa Prosper, anayeuza vifaa vya kompyuta. Tulifika mnamo saa tano asubuhi. Naomba tarehe hiyo iandikwe vizuri. Renatus alikuwa kaburini miezi mitatu. Mtu aliye kaburini hanunui feni.

Prosper alituuliza ukubwa wa kesi, yaani lile sanduku la kuwekea vipande, lenye kioo ubavuni. Akasema, "Dada Ursula, kesi hii inabeba feni sita. Mbele tatu za kuvuta hewa, nyuma moja na juu mbili za kuitoa." Akaziwasha kwa waya moja moja tusikie. Ursula anarekodi sauti chumba hichohicho, hivyo hakutaka kelele. Nikaziweka sikioni. Kulikuwa na za bei ndogo, zinang'aa sana lakini zinakoroma kama mtu mwenye mafua. Nikasema hizi hapana. Tukapata zilizotulia.

Zile zilizotulia zilikuwepo za aina mbili, nyeusi tupu, na zenye taa za rangi. Ursula alishika nyeusi. Nikamwuliza, "Unazipenda hizo?" Akasema, "Mama, mimi bado nina kitambaa cheusi kichwani. Watu watasema." Nikamwuliza tena kama anazipenda. Alikuwa anaangalia zile za taa.

Nikamwambia Prosper, "Funga za taa."

Ursula akasema, "Mama!"

Nikamjibu, "Watasema hata ukikaa gizani. Bora waseme wakiwa wanaona."

Prosper alicheka. Ursula naye alicheka, na ilikuwa mara ya kwanza namsikia anacheka tangu mazishi. Nasema hili kwa sababu nimesikia Isidori ameeleza hapa kituoni kwamba taa hizo ni dalili kuwa mkwe wangu hakuwa na huzuni na mumewe. Taa nilichagua mimi niliyemzaa huyo mume. Anayetaka kuuliza kuhusu huzuni aniulize mimi.

Kesho yake mchana tulizifunga nyumbani, mezani, mlango ukiwa wazi. Ursula alifunga skrubu, mimi nilimulika tochi ya simu na kumpa vifaa. Kila feni ina waya mbili, moja ya kuzungusha na moja ya taa. Prosper alikuwa ametuonya kwamba waya ya taa ni ya pini tatu, na kwenye ubao wa kompyuta kuna mahali pa pini nne panapofanana na mahali pake. Ukilazimisha hapo, taa zinaungua. Tulikagua mara mbili kabla ya kuwasha umeme.

Ilipowaka, Ursula alishika kipande cha karatasi laini mbele ya kila feni. Mbili za mbele ziliivuta karatasi, ya tatu ikaisukuma. Tulikuwa tumeigeuza. Akaifungua akaifunga upya, karatasi ikavutwa. Hapo kwanza taa zilikuwa zinazunguka rangi zote kwa pamoja, mpaka nikasikia kizunguzungu. Ursula akaingia kwenye programu akaziweka zifuate joto: kompyuta ikiwa baridi ni kijani, ikichoka ni nyekundu. Tangu hapo akiwa jikoni mimi nilikuwa nakaa karibu na mashine, na ikibadilika nampigia kelele, "Ursula, imeiva!" Anakuja kuipumzisha. Tuliishi hivyo wiki nyingi, na kazi zilikuwa zinatoka.

Dirisha la chumba hicho linaangalia barabara na pazia ni jepesi. Watu wakaona. Mnamo tarehe 14 Julai, Jumapili baada ya misa, Isidori alikuja kutoka Murangi, anakoishi na kufanya biashara. Hakukaa. Akasema, "Mama, mjini wanasema mke wa Renatus anawasha taa za baa nyumbani kwa marehemu. Na wewe upo humo humo." Nikamwambia aingie aone kazi inayofanyika. Aliingia, akaiangalia mashine muda mrefu, akauliza inaweza kuonyesha filamu kwenye ukuta. Ursula, bila kujua, akamwambia inaweza. Akaondoka.

Mnamo tarehe 3 Agosti 2024, Jumamosi, Ursula alikwenda kupiga harusi Kabasa. Mimi nilikuwa nyumbani nachambua mchicha. Majira ya saa kumi jioni Isidori alifika na gari aina ya Noah nyeupe, dereva simjui, na hakushuka. Isidori akasema amekuja kuchukua mali ya mdogo wake. Nikamwuliza mali gani. Akasema, "Kilichomo kwenye nyumba ya marehemu ni cha marehemu, na cha marehemu ni cha ukoo. Huyu hakuzaa. Hana chake hapa."

Nikasimama mlangoni mwa kile chumba. Nikamwambia, "Mashine hii Renatus hajawahi hata kuiona. Unajua, na mimi najua."

Akasema, "Mama, toka."

Nikasema, "Sitoki."

Alinishika mabega yote mawili, akaninyanyua, akanikalisha kwenye kochi. Sikuumia. Nimeulizwa mara mbili kama niliumia na nimesema sikuumia. Mikono ile niliijua tangu ikiwa midogo, na ndiyo iliyoninyanyua. Akachomoa nyaya, akaibeba mashine pamoja na kioo chake cha kuangalia, akaingiza kwenye gari. Nilimfuata hadi barabarani bila kandambili. Majirani walikuwa wanatazama. Niliwaambia kwa sauti: "Mmeona. Msije mkasema hamkuona." Gari likaondoka.

Ursula alirudi kabla ya giza kuingia. Hakulia mbele yangu. Alikuja hapa kituoni jioni hiyo hiyo akafungua malalamiko.

Siku iliyofuata, tarehe 4 Agosti, niliitwa Butiama kwa shemeji yangu mzee Alfonsi, ambaye ni mdogo wa marehemu mume wangu na ndiye mkubwa wa ukoo kwa sasa. Walikuwepo wazee wanne. Mzee Alfonsi alisema kwa upole, nami namheshimu, "Shemeji, yule binti atafuatwa na polisi waulize kama ana shahidi. Wewe utasema hukuwepo. Ulikuwa kisimani. Mambo yanaisha nyumbani. Mama hasimami na mtu baki dhidi ya damu yake."

Nikamwambia, "Shemeji, Nyasura maji yanatoka bombani. Hakuna kisima."

Mmoja akacheka, akanyamazishwa. Mzee Alfonsi akaniuliza kama nataka mwanangu afungwe, baada ya kuwa nimeshamzika mwingine. Swali hilo lilinikaa. Halafu nikamjibu kwamba mtoto wangu aliyekufa nilimlilia na nyinyi mlinishika mkono, mkafanya vizuri. Lakini sitamlipa Isidori kwa mali ya mtu mwingine eti kwa sababu yeye amebaki hai. Ursula alimuuguza Renatus kitandani wakati Isidori alikuwa hapokei simu. Mtu baki ni nani hapo? Nikaaga. Hawakunisindikiza.

Tarehe 5 Agosti nilikwenda Murangi peke yangu. Nilifika saa saba mchana. Isidori ana banda la mabati karibu na mwalo, pale boti za samaki zinapotia nanga, ambalo watu wanalipia kuangalia filamu, vijana wanaita kibanda umiza. Nilisikia sauti ya filamu kabla sijaingia. Ndani palikuwa na joto la kupika mandazi na watu wamebanana kwenye mabenchi. Ile kompyuta ilikuwa pembeni, chini, imeegemezwa ukutani, matundu ya nyuma yamezibwa na mkeka. Alikuwa ametoa nyavu za mbele zinazozuia vumbi. Wale wadudu wa ziwani, wanaotokaga kama moshi, walikuwa wamefuata mwanga wakanaswa kwenye feni mpaka zimekuwa nyeusi. Taa zilikuwa nyekundu zote.

Nilipita katikati ya watu nikachomoa waya ukutani. Wakapiga kelele sana. Nikawaambia, "Mashine hii imeibwa, na aliyeiiba ni mwanangu. Mwenye swali aniulize."

Isidori alikuja mbio kutoka nje. Akasema, "Mama, unaniaibisha mbele ya wateja wangu."

Nikamwambia, "Irudishe leo, niondoke."

Akasema hairudishi. Akasema Ursula akiitaka akubali kwanza kuwa chini yake, kama wazee walivyosema. Maneno hayo aliyasema mbele ya watu, wengine ni majirani zake pale mwaloni. Hapo ndipo nilipoelewa kwamba hakuwa na shida na kompyuta peke yake. Nilitoka nje nikampigia Ursula simu nikamweleza ilipo. Askari walikwenda tarehe 6 wakamkamata Isidori na kuichukua mashine.

Leo nimeonyeshwa kompyuta hapa kituoni na nimeitambua. Ni ile ile. Feni ya mbele, ya chini kabisa, kona moja haina skrubu, imefungwa kwa uzi mweusi wa kushonea. Uzi huo niliufunga mimi, skrubu ilidondoka kwenye ufa wa sakafu hatukuipata. Feni mbili hazizunguki tena. Prosper yupo Musoma na anaweza kuulizwa ni nani aliyefika dukani kwake na lini.

Nimeulizwa kama ningependa jambo hili liende kwenye usuluhishi wa familia. Familia ilikaa na mimi nilikuwepo. Ilichosuluhisha ni namna ya kudanganya. Nimeulizwa pia kama nina ugomvi na mtuhumiwa. Sina. Nampenda. Nilimbeba tumboni kwenye njaa, nikiuza udaga wa muhogo nisiokula, na hajawahi kunisikia nikimdai hilo. Simdai hata leo. Ninachosema ni kwamba mashine ni ya Ursula, aliiunganisha kwa mikono yake na mimi nilishika tochi, na Isidori aliichukua kwa nguvu nikiona. Nikiulizwa mahakamani nitasema hivi hivi, akiwa ananitazama.

Nimesema niliyoyaona, kwa mdomo wangu mwenyewe. Nimesomewa yote, yako kama nilivyosema.

Sahihi ya shahidi: Matrida Nyangi

MAELEZO YA MPOKEAJI

Mimi WP 7712 Koplo Rebeka nathibitisha kwamba nimeandika maelezo haya kwa Kiswahili kama yalivyotolewa na shahidi, nikamsomea, akakubali na kusaini mwenyewe saa 6:05 mchana.

Baada ya kusaini, shahidi aliomba kumpa mtuhumiwa chakula alichokuja nacho kwenye hotpoti, ugali wa muhogo na dagaa. Aliruhusiwa mbele yangu. Mtuhumiwa alimwomba shahidi afute maelezo yake. Shahidi alimwambia, "Nawa mikono, ugali unapoa." Mtuhumiwa alilia. Shahidi alikaa naye kwenye benchi mpaka alipomaliza kula, akamfuta uso kwa kanga, akachukua hotpoti yake akaondoka. Maelezo hayakubadilishwa.