Kwa Baba, Mlevi wa Kwenye Sinema

Baba yangu,

Shikamoo. Natumaini huko uliko unaniitikia.

Bado nakuona siku ile wazungu wa sinema walipofika kwenye kiwanda cha kuchambua pamba, Shinyanga, wakitafuta mtu wa kuigiza mkulima mvivu. Sinema yao ilikuwa ya kufundisha wakulima. Wakakuchagua wewe, mpakia marobota, kwa ajili ya uso wako tu. Uliporudi nyumbani ulicheka mpaka ukakaa chini. "Mimi na sugu zote hizi, leo ndiye mvivu!"

Baada ya hapo hawakukuacha. Mwaka mmoja ulikuwa mwizi wa ng'ombe. Mwaka uliofuata walikupeleka Geita, ukawa mchimba dhahabu mlevi, wewe ambaye hukuwahi kuonja hata togwa iliyochachuka. Jina lako halikutajwa hata mara moja, lakini sura yako ilijulikana hadi Isaka. Kisimani wanawake walimwonea Mama huruma. Watu waliokuja kunichumbia wakageuza njia: "Hatuoi kwa mlevi."

Ndiyo maana jioni ile gari la sinema lilipokuja kwetu Mhunze, ukatokea kwenye kitambaa, msichana mmoja aliponiuliza, "Huyo si baba yako?" nilijibu, "Simjui." Sikujua kwamba umesimama nyuma yangu. Tulirudi nyumbani, wewe umebeba mkeka wangu. Mlangoni ndipo uliposema, "Ng'wanawane, mwanangu, wakinichukia, basi nimecheza vizuri. Lakini wewe usinichukie."

Sikukujibu. Nilikuwa na miaka kumi na saba, nikadhani muda wa kukujibu upo. Masika hayo hayo homa ikakuchukua.

Nisamehe, Baba.

Nyumbani hatuna picha yako hata moja. Kwa hiyo wiki iliyopita, gari la sinema liliporudi, Mama, ambaye hakuwahi kukubali kukutazama ukiigiza, aliomba nimpeleke. Tulikaa mbele kabisa. Ukatokea, chupa mkononi, unayumba kando ya shimo la wachimbaji. Watu wakaangua kicheko. Mama hakucheka. Aliinuka kidogo, akanyoosha mkono kuelekea kile kitambaa cheupe, akasema kwa sauti ileile aliyokuwa akikuamshia asubuhi:

"Taratibu, Baba Kabula. Utaanguka."

Pumzika, Baba.

Binti yako,
Kabula